Samadi Yetu Inakwenda Wapi?

(Mazungumzo ya mjumbe wa Kamati ya Maji na Mifugo mbele ya mkutano wa wanachama. Tumeyaandika hapa ukutani kwa faida ya wale ambao hawakuhudhuria, na ya wale waliohudhuria wakasinzia. – Mwandishi wa ukuta)



Nimeombwa nizungumze juu ya sheria za mabanda ya mifugo yaliyo karibu na nyumba za watu. Mwenyekiti amenipa nusu saa. Nitajitahidi, ingawa mnanijua.

Kabla sijafungua vitabu vya sheria nina jambo la kukiri. Masika iliyopita maji ya mfereji wa chini yalinuka. Mnakumbuka. Akina mama wa kitongoji cha chini walipanda na ndoo zao mpaka ofisini, wakazitua juu ya meza ya karani, wakasema, "Haya, kunyweni." Hakuna aliyekunywa. Watoto wao walikuwa wanaharisha wiki ya pili. Sasa sisi wanakamati tulifanya nini? Tulimtafuta mchawi, na tukampata upesi mno: yule ndugu yetu mwenye nguruwe. Kwa nini yeye? Kwa sababu banda lake linanuka na halijifichi. Mimi nilikuwa wa kwanza kusimama. Nilisema afungiwe, nilisema apigwe faini, nilisema na mengine ambayo siyarudii hapa mbele ya watoto.

Yule ndugu alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza neno moja tu: "Mmepima?"

Hatukuwa tumepima. Nilirudi nyumbani na hasira. Nikasema nitampimia, tena nitaanza na kwangu ili nisafishe jina langu kwanza. Nina ng'ombe wawili wa maziwa na ndama mmoja, wa mpango wa kopa ng'ombe lipa ng'ombe. Nikaenda kwa fundi seremala nikaomba debe moja la unga wa mbao. Jioni, mawingu yalipokaa vizuri, nikaumwaga wote kwenye mtaro unaotoka bandani kwangu, jirani yangu akiwa shahidi. Usiku mvua ikanyesha ile ya kwetu, ya kupiga bati kama mtu anadai deni. Asubuhi tukashuka wote wawili mpaka pale mfereji unapopokelewa na bomba la watu wa chini, penye wavu wa kuzuia majani. Wavu ulikuwa umejaa unga wa mbao.

Jirani yangu hakusema kitu. Alinitazama tu. Afadhali angesema.

Nilipopima, banda langu lilikuwa hatua 22 kutoka mferejini. Nimelijenga mwenyewe, na mtaro nimeuchimba mwenyewe, ukielekea chini kwa sababu ndiko maji yanakopenda kwenda. Sikuwahi kuuliza baada ya hapo yanafika kwa nani. Nilikwenda kwa yule mwenye nguruwe kuomba radhi. Nikakuta nguruwe wake wanalala juu ya sakafu ya saruji, uchafu wote unaingia kwenye shimo lililofunikwa, na kila wiki analitoa kupeleka migombani. Kunuka kunanuka, lakini mferejini haliendi hata tone. Alinipa chai. Alicheka sana, na mimi nikamwacha acheke.

Basi, ndugu wanachama, mnaposikia sheria leo mjue kwamba anayewasomea si malaika.

Sheria hizi nilizipitia na Bwana Afya, mimi nikisoma, yeye akinifafanulia pale Kiswahili cha sheria kiliponishinda. Ziko kadhaa, na si zote zinatubana sawasawa.

Ya kwanza ni Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004. Kifungu cha 57 kinakataza shughuli za kudumu za binadamu, au zile zinazoweza kudhuru, ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto, ufuko wa ziwa, au bwawa. Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji ya mwaka 2009 nayo inashika mita hizo hizo 60 kwa vyanzo vya maji. Kwa hatua zangu mimi ni kama hatua 80. Hebu kila mtu asimame bandani kwake kwa mawazo tu, ahesabu hatua 80 kuelekea mtoni. Naona wengine mmeanza kuinamisha macho.

Sheria hiyo ya maji inasema pia kwamba huwezi kutiririsha maji machafu mtoni bila kibali cha bodi ya bonde. Kwetu ni Bodi ya Maji Bonde la Pangani. Utauliza, sisi wa Meru na Pangani wapi na wapi? Maji ya Themi, ya Nduruma, ya Tengeru na ya Usa yote yanakwenda kuungana Kikuletwa, yanaingia bwawa la Nyumba ya Mungu, kutoka hapo yanateremka na mto Pangani mpaka baharini. Mkojo wa ng'ombe wangu umetembea nchi kuliko mimi. Mimi Pangani sijafika.

Halafu kuna Sheria ya Afya ya Jamii ya mwaka 2009. Hii ndiyo inayohusu jirani. Inasema mnyama akifugwa mahali au kwa namna inayohatarisha afya ya watu, hiyo ni kero, na afisa afya anaweza kukuandikia uiondoe. Si lazima uwe karibu na mto. Inzi wako wakihamia kwenye sufuria ya jirani, tayari una kesi.

Na leseni? Hapa ndipo maneno ya mtaani yamekuwa mengi, eti kila mwenye jogoo sasa atatakiwa kwenda Dodoma. Si kweli. Ile sheria ya 2004, pamoja na kanuni zake za mwaka 2005 zilizorekebishwa mwaka 2018, inataka miradi mikubwa ya ufugaji ifanyiwe tathmini ya athari kwa mazingira na kupewa cheti kabla ya ujenzi kuanza. Kabla ya tofali la kwanza, siyo baada ya kuku kuanza kutaga. Huyo ni mtu wa maelfu ya kuku au mabanda marefu ya nguruwe, siye mama mwenye ng'ombe mmoja. Lakini watu wa namna hiyo wanakuja. Jiji la Arusha linapanda mlima huu kila mwaka. Kiwanja kikiwa ghali kule mjini, mwenye mtaji anatafuta eka mbili huku kwetu, anajenga banda la bati, na lori la pumba linaanza kupita. Akija mtu kama huyo, swali la kwanza la halmashauri yetu ya kijiji liwe: cheti kiko wapi, na samadi itakwenda wapi? Tukimuuliza baada ya miaka miwili atatuambia ameshakopa benki, na sisi kwa huruma zetu tutanyamaza.

Mjini wenyewe walianza zamani kuwekeana mipaka. Kanuni za kilimo cha mijini za mwaka 1992 ziliruhusu ng'ombe wasiozidi wanne kwa mfugaji, wafungiwe ndani, wasizurure, na mfugaji awe na kibali. Nawatajia hili kwa sababu Usa River na Ngaramtoni tunaziona zinavyopanuka. Mtu anaweza kulala yuko kijijini akaamka yuko mjini bila kuhama kitanda, na sheria nazo zikambadilikia.

Kuna na yule ndugu aliyejenga nyumba ya ghorofa pale njia panda. Alileta barua ya malalamiko kurasa tatu. Mkiondoa ukurasa unaohusu jogoo kuwika alfajiri, zile mbili zilizobaki ana haki. Nimezisoma mara mbili. Ametaja inzi, ametaja tope linalopita mlangoni kwake mvua ikinyesha. Tusimjibu kwamba yeye ni mgeni. Mgeni naye ana pua.

Sasa niingie penye ugumu. Sheria inataja mto, ziwa, bwawa. Mfereji wetu haukutajwa kwa jina. Kwenye kamati mzee mmoja alisema, "Mfereji si mto, babu zetu waliuchimba kwa mikono, kwa hiyo mita 60 hazituhusu." Kwa maneno ya kitabu huenda hoja hiyo ina miguu ya kusimamia. Lakini jamani, ni nani hapa anakunywa mto? Tunakunywa mfereji. Mfereji ndio unaopita kihamba kwa kihamba, ndio unaochotwa na mtoto kabla ya shule. Kama sheria ya taifa haikuutaja, sisi ndio wa kuutaja.

Na maji haya ya mfereji wetu wa juu hayana mbadala. Sote tunajua meno ya watu wa Meru. Mimi hapa nikicheka mnayaona, kahawia kama kahawa. Ni madini ya floraidi, yanatoka kwenye miamba ya mlima wenyewe, huu mlima wa moto. Chemchemi nyingi zinazotokea chini zina floraidi nyingi. Ndiyo sababu chemchemi ya juu yenye maji mazuri inalindwa na koo tangu zamani. Vijidudu vya samadi unaweza kuviua kwa kuchemsha. Floraidi haiondoki kwa kuchemsha. Ukichemsha sana unaizidisha, maana maji yanapungua na madini yanabaki. Kwa hiyo watu wa chini tukiwaharibia mfereji, tunawasukuma kwenye visima vya meno na vya mifupa iliyopinda. Wataacha kuharisha, wataanza kupinda miguu. Ajabu ya Mungu ni kwamba pale Ngurdoto kuna kituo cha utafiti kinachoondoa floraidi kwa mkaa wa mifupa ya ng'ombe. Ng'ombe huyo huyo! Mifupa yake inasafisha maji, na kinyesi chake tunakimwaga ndani.

Sasa yule mama mjane wa kitongoji cha kati, simtaji jina, naye yuko hapa. Kihamba chake ni robo eka. Juu kuna njia, chini kuna mfereji, pembeni kuna makaburi ya ukoo. Ana ng'ombe mmoja, na ng'ombe huyo ndiye ada ya shule, ndiye dawa, ndiye sukari. Ukimwambia mita 60 kutoka mferejini, umemwambia asifuge. Kamati ilibishana juu yake mpaka taa ikaisha mafuta. Wengine walisema sheria ni msumeno. Mimi nasema hivi, na mnaweza kunipinga. Aliye ndani ya mita 60 za mto, mto hasa, huyo banda lihame. Kijiji hakina uwezo wa kuruhusu kile ambacho sheria ya nchi imekataza, na tusidanganyane kwamba tunao. Lakini kwa mfereji, ambao sisi ndio tunauwekea kanuni, tusipime umbali peke yake. Tupime kinachotoka. Banda lililo hatua 20 lakini halitoi tone ni bora kuliko banda lililo hatua 100 lenye mtaro kama wangu.

Kutotoa tone kunawezekana. Mimi nimefanya mwaka huu, niwaeleze kazi ilivyo. Kwanza ni paa. Wengi hatulifikirii. Maji ya mvua yanayoanguka kutoka paani ndiyo yanayoizoa samadi. Niliweka mfereji wa bati kwenye paa, maji safi nikayapeleka kwenye pipa. Hiyo peke yake ilimaliza nusu ya tatizo, na iligharimu kidogo kuliko vyote. Pili ni sakafu: mawe, kokoto, kisha saruji, iwe na mteremko kuelekea juu ya shamba, siyo kuelekea mferejini. Hapo ilinibidi nigeuze banda zima, mlango ukaangalia migomba. Tatu ni shimo lenye kingo na kifuniko. Ng'ombe mmoja wa kufungiwa ndani anatoa kama debe la kinyesi kwa siku, mbali na mkojo. Hesabuni mwaka. Halafu tunakwenda dukani kununua mbolea ya kahawa.

Mwenye ng'ombe wawili anaweza kwenda mbele zaidi, akajenga mtambo wa gesi ya samadi. Hapa Arusha hatuna sababu ya kushangaa jambo hili. CAMARTEC iliundwa mwaka 1981 na iko mjini hapo, na tangu miaka ya 1980 imekuwa ikijenga mitambo hii vijijini. Unachanganya madebe mawili ya samadi na madebe mawili ya maji, unamimina, mama anapika bila moshi. Tope linalotoka upande wa pili linakwenda shambani, na harufu yake imepungua sana. Lakini niseme ukweli: mtambo ni ghali, na aliyeuacha bila kuulisha amebaki na kaburi la saruji uani. Nimeyaona mawili. Asiyekuwa na uhakika aanze na paa na shimo.

Nguruwe na kuku nao wana yao. Nguruwe asizurure, kwa sababu anayezurura anakula choo cha binadamu na kutuletea tegu. Samadi ya kuku ni kali, isirundikwe wazi wakati wa masika, ifunikwe. Na mfu wa kuku asitupwe mferejini. Nasikitika kwamba hili linahitaji kusemwa.

Kuna kijana aliniuliza kama haya ni mambo ya maskini tu. Ng'ombe zetu za Friziani asili yake ni Uholanzi, nchi tajiri. Kule walifuga mpaka samadi ikaizidi ardhi. Mwaka 1984 serikali yao ilizuia kupanua mabanda ya nguruwe na kuku, na mpaka mwaka 2019 walikuwa bado wanagombana, wakulima wamejaza barabara kwa matrekta baada ya mahakama kubana vibali vinavyohusu uchafu wa mifugo. Walichelewa kuanza. Sisi tuna mabanda yanayohesabika.

Mwisho nijibu neno zito alilolisema mzee wangu wa juu, kwa sababu lilininyima usingizi. Alisema, "Mambo haya huanza na kamba ya kupimia, huisha na watu kuhamishwa." Hakusema hivyo kwa ubishi. Mwezi wa Novemba 1951 serikali ya kikoloni iliwafukuza Wameru wa Engare Nanyuki, nyumba zikachomwa moto, ardhi wapewe walowezi wafuge ng'ombe. Ng'ombe, ndugu zangu! Mwaka 1952 Kirilo Japhet akasafiri mpaka Umoja wa Mataifa kule New York kulisema jambo hilo mbele ya dunia. Kwa hiyo mzee ana haki ya kuiogopa kamba. Swali ni kamba imeshikwa na nani.

Sheria ya serikali za mitaa ya mwaka 1982 inaipa halmashauri ya kijiji uwezo wa kutunga sheria ndogo. Inaandikwa, inaletwa kwenye mkutano wa kijiji mtoe maoni yenu, kisha inapelekwa halmashauri ya wilaya ikaidhinishwe. Ikishaidhinishwa ni sheria kweli, siyo maazimio ya kubandika ukutani. Kamati inapendekeza hivi: kila banda lisajiliwe kwa mwenyekiti wa kitongoji, hakuna mtaro wa banda unaoingia mferejini, uwe wa nani, mwenye banda bovu apewe misimu miwili ya mvua kurekebisha kabla ya faini, anayetaka banda kubwa aje kwanza mbele ya mkutano na karatasi zake, na faini zote ziingie kwenye mfuko wa saruji wa kuwasaidia wenye ng'ombe mmoja. Hilo la mfuko liliongezwa na yule mwenye nguruwe, na kamati yote ilikubali.

Misimu miwili, wengine mtasema ni mingi. Akina mama wa chini wamesema hivyo hivyo, wanataka mmoja. Mimi nilitetea miwili kwa ajili ya wasio na fedha, ila sina watoto wanaokunywa maji yale. Hilo mtalipigia kura wenyewe.

Upimaji unaanza Jumamosi saa mbili asubuhi. Kamba ya mita 60 ipo kwa karani, ina mafundo kila mita 10. Tunaanzia kwangu, kisha tunashuka na mfereji banda kwa banda. Akina mama wawili wa kitongoji cha chini watakuwa wamemshikia karani daftari. Fungeni mbwa.

Maswali sasa, Ndugu Mwenyekiti, kama nusu saa haijaisha.